Sefalopodi: ukoo wa pweza, ngisi na dome, na jinsi ya kulitumia hili neno bila kuchemka

Watu wa Tanga neno la kisayansi halijawahi kututisha. Silikanti tunalitamka utadhani tumelirithi kwa bibi zetu, na hifadhi ya bahari tunayo kabisa, Hifadhi ya Bahari ya Silikanti Tanga, ilianzishwa 2009, na mvuvi wa Kigombe ambae hajawahi kufungua kitabu cha baiolojia atakwambia bila kumung'unya maneno kwamba silikanti ni yule samaki wa zamani anaenaswa na jarife likitegwa kina kirefu, ambae wataalamu walishamzika kwenye vitabu vyao mpaka akaibuka Afrika Kusini mwaka 1938 yuko mzima. Jina hilo asili yake Kigiriki, likapita kwa Waingereza, likafika Mwambani likawa letu. Sasa swali langu dogo tu, kama hilo tumeliweza, sefalopodi linatushinda nini?

Nauliza kwa sababu ya ubishi wa meza ya pweza. Anaekaa Ngamiani anajua ninachosema, jioni ikiingia meza zinatoka, pweza kachemshwa yuko mwekundu, bakuli la pilipili, vijiti vya kuchomea, na supu kwenye vikombe vya bati kwa wale ambao wana safari zao za usiku. Jamaa mmoja akasema pweza ni samaki. Mwingine akakataa katakata, pweza si samaki, hana mifupa wala magamba, huyo ni mdudu wa baharini. Muuzaji nae hataki biashara yake iitwe mdudu, akasema "kaka zangu kuleni bwana, mdudu gani anauzwa kipande mia tano". Ndo kijana mmoja wa sekondari akatia neno, kwa adabu zote, "shikamooni, pweza ni sefalopodi". Wakamcheka pale! Mmoja akamwambia peleka huko utopodi wako. Lakini dogo ndo alikuwa na jibu, tatizo hakuna aliemuuliza maana yake nini, na mi nikasema hii nitaiandika kwa kirefu maana huu ubishi utarudi tu.

Haya. Neno lina vipande viwili vya Kigiriki, cha kwanza kinamaanisha kichwa na cha pili kinamaanisha mguu. Kichwa-mguu. Yaani kiumbe ambae miguu yake imeotea kichwani. Hapo mtu wa pwani atabisha haraka, atasema mbona pweza kichwa kiko juu, miguu iko chini, katikati kuna macho, kama mtu mwingine yeyote. Na ndo hapo neno linapoanza kufanya kazi, kwa sababu lile furushi la mviringo tunaloliita kichwa cha pweza sio kichwa. Ni kiwiliwili. Mwanamke yeyote alieshawahi kumsafisha pweza anajua hata kama hajawahi kulisema hivo, unaugeuza ule mfuko ndani nje, unakuta nini? Matumbo, ini, kifuko cha wino, matamvua ya kupumulia. Umeshaona wapi kichwa kina utumbo ndani? Kichwa chenyewe ni ile sehemu fupi hapo kwenye macho, ambayo watu wengi hata hawaihesabu, na minyiri yote minane imeanzia hapohapo kwenye kichwa, imeuzunguka mdomo. Mdomo uko katikati ya minyiri upande wa chini, ule mgumu mweusi umepinda kama wa kasuku, ambao mpishi anautoa na kuutupa. Kwa hiyo ukimpanga pweza kwa utaratibu wake ni kiwiliwili, halafu kichwa, halafu miguu moja kwa moja. Sisi tuna kichwa, kiwiliwili, halafu miguu. Yeye kiwiliwili chake kimehamia kwingine kabisa, na mtu akishaliona hilo hawezi tena kumuangalia pweza mezani kwa jicho la zamani.

Na kingine ambacho mi kinanishangaza mpaka leo, ubongo wa pweza umeizunguka njia ya chakula. Akimeza, chakula kinapita katikati ya ubongo. Kwa hiyo anatakiwa akate vipande vidogovidogo kwa ule mdomo wake kabla hajameza, na kweli ndivo anavofanya.

Sasa kwa nini mguu? Kwa nini wasiseme kichwa-mkono. Kwa sababu pweza ni moluska, faila moja (yaani kundi moja kubwa la viumbe) na konokono, chaza, kombe, kauri na wale wote wa magamba. Moluska wana kiungo kimoja cha nyama kinaitwa mguu. Konokono mguu wake ni ule wa kutambalia, anakwenda nao taratibu na tumbo limeuegemea, ndo maana yeye anaitwa gastropodi, tumbo-mguu. Kwa kina pweza sehemu hiyohiyo inapokua tangu yai inasogea mbele kichwani, inagawanyika inakuwa minyiri, na sehemu nyingine inakuwa ule mrija wa kutolea maji ambao pweza akiukaza anasukuma maji kwa nguvu anakimbia kinyumenyume. Kwa hiyo jina halikubuniwa kwa kuangalia sura tu, linasema kitu cha kweli kuhusu mwili. Mimi majina ya namna hiyo nayapenda kuliko yale ya kumpa mtu heshima, sijui samaki wa bwana fulani, unabaki huna ulichojua.

Waliotangulia walisumbuka na hawa viumbe. Aristotle, Mgiriki wa kale huko, aliwaweka pweza, ngisi na dome kundi moja akawaita wale laini, malakia, na mpaka leo elimu ya moluska inaitwa malakolojia kwa sababu yake. Aliwaangalia vizuri kwa kweli, hata kubadilika rangi aliandika. Halafu miaka elfu mbili baadae anakuja Linnaeus, yule Mswidi wa kuwapa viumbe majina mawilimawili, kwenye orodha yake ya 1758 pweza, ngisi na dome wote akawapa jina moja la Sepia, na juu ya hapo akawatia kwenye kundi kubwa la minyoo. Minyoo! Yule jamaa wa mdudu wa baharini hakuwa mbali sana na Linnaeus, tuseme ukweli. Aliekuja kuwatoa humo akawapa jina la Sefalopoda ni Mfaransa Georges Cuvier, mwishoni mwa ile karne ya 18, baada ya kuwapasua na kuwalinganisha viungo vya ndani kimoja kimoja, sio gamba wala rangi. Jina limekaa tangu hapo.

Hilo jina la Sepia halikufa lakini, limebaki kwa dome. Na wino wa dome ulitumika kuchorea na kuandikia kwa karne nyingi huko Mediterania, una rangi ya kahawia, ndo hiyo rangi ya sepia mnayoichagua kwenye simu mkitaka picha ionekane ya zamani. Mtu anajipiga picha Raskazone anaitia wino wa dome wala hajui.

Tuje kwenye wahusika wenyewe, maana neno la ukoo bila kujua nani yumo ni kelele. Kwanza pweza. Anaechokolewa zaidi huku kwetu ni Octopus cyanea, yule anaetembea mchana, tofauti na pweza wengine wengi ambao mambo yao ni usiku. Minyiri minane, ndani hana gamba wala mfupa, ndo maana anapita kwenye tundu ambalo ukiliona unasema haiwezekani, kitu pekee kigumu mwilini ni ule mdomo, ukipita mdomo anapita wote. Pili ngisi, mwembamba, mrefu, mwogeleaji, ana minyiri minane ya kawaida na miwili mirefu ya kurusha na kukamatia. Wanaovua dagaa usiku kwa taa wanamjua vizuri, anafuata mwanga, zamani karabai saivi taa za sola. Ukimpasua ngisi mgongoni unachomoa kipande kirefu chembamba kinachopenyeza mwanga, watoto wanasema ngisi kameza plastiki. Sio plastiki, hilo ndo gamba lake, limebaki hilo tu. Tatu dome, mnene, mfupi, kapambwa pezi linalomzunguka mwili mzima kama pindo, nae minyiri kumi, na kuna watu hawamtofautishi wanamuita ngisi tu yaishe, mchuuzi mzuri lakini atakusahihisha maana nyama yake ni nene na bei si moja. Yeye gamba lake la ndani ni kile kitu cheupe chepesi unachokiokota ufukweni, wafuga ndege wanakining'iniza kwenye kizimba ndege wanadonoa wapate chokaa. Watu wanadhani ni povu limeganda. Ni la dome hilo, lina vyumba vidogovidogo sana vya hewa ndani, ndo linamfanya aelee bila kuhangaika.

Kwa hiyo unaona, hawa watatu asili yao walikuwa na gamba nje kama konokono, wengine wakaliingiza ndani, pweza akaachana nalo kabisa. Hawa walioficha au kupoteza gamba wana jina lao ndani ya sefalopodi, wanaitwa koleoidi, kutoka neno la Kigiriki la ala, ile ya kuwekea upanga. Wa nne ndo nautilasi, yeye peke yake kabaki na gamba lake nje mpaka leo, limejisokota, ana minyiri hadi kama tisini myembamba isiyo na vinyonyo, na jicho lake halina lenzi, tundu tu maji yanaingia. Nautilasi ni sefalopodi lakini sio koleoidi. Hii tofauti ikae kichwani maana inakuja kutusaidia hapo chini.

Na kuna mmoja wa kina kirefu chenye giza, Vampyroteuthis infernalis, alipewa jina mwaka 1903, ukilitafsiri unapata kitu cha kutisha cha ngisi mnyonya damu wa jehanamu, na masikini ya Mungu hanyonyi damu ya mtu, anakula uchafu unaoshuka kutoka juu. Wala sio ngisi wala sio pweza, ana oda yake, yaani kundi lake, peke yake. Nawatajia tu kwa sababu video zake zinazunguka sana na maelezo ya ajabuajabu, wengine wanamuita jini bahari.

Wasiokuwemo sasa, maana hapa ndo watu wanateleza. Konyeza hayumo, hata kama ana vitu vinaning'inia na analegealegea, huyo hana kichwa, hana ubongo, hata moluska sio. Kaa hayumo, kamba hayumo. Na hapa kuna mtego mbaya kwa wanafunzi, kaa na kamba wanaitwa dekapodi, wa miguu kumi, halafu ngisi na dome nao kwa kuwa wana minyiri kumi kundi lao linatajwa kwa jina linaloanza na hiyohiyo deka. Mtu akiona "deka" na "podi" anawaunga ukoo mmoja. Hapana. Kaa ni atropodi, ana gamba la nje na viungo vya kukunjika, yuko karibu na panzi kuliko ngisi. Konokono na chaza wao ni ndugu wa kweli, ni moluska, lakini sio sefalopodi, ni watoto wa mjomba tuseme. Kwa hiyo ukitaka kuwa na uhakika usihesabu miguu, uliza tu, je miguu imetoka kichwani kuzunguka mdomo? Kama ndio, karibu.

Matumizi. Kwanza lugha yenyewe, na hapa nafurahi maana Kiswahili kimetupa bahati, neno ngeli linatumika na walimu wa sarufi na linatumika na watu wa viumbe. Sefalopoda ni ngeli ndani ya faila ya Moluska, na sefalopodi mmoja mmoja yuko kwenye ngeli ya A-WA. Sefalopoda na herufi kubwa ni jina la kundi zima, sefalopodi na herufi ndogo ni mnyama. Sefalopodi huyu, sefalopodi hawa, haina haja ya "masefalopodi", hatusemi mapweza labda kama unawasifia ukubwa wao. Wenzetu wa Kiingereza wanagombana mpaka leo wingi wa pweza useme vipi, kuna njia tatu na kila mtu anaona mwenzie hajasoma. Sisi pweza mmoja, pweza kumi, tumemaliza tumekwenda kula.

Pili, usilitumie mahali pasipolihitaji. Usiende soko la samaki pale Deep Sea ukamwambia mchuuzi "kaka nipimie sefalopodi kilo mbili", atakuuliza yupi, na ana haki, maana jikoni pweza na ngisi ni vitu viwili tofauti kabisa, mmoja anapigwa na kuchemshwa muda mrefu mpaka alainike, mwingine ukimzidishia dakika kwenye kikaango umeharibu. Neno la ukoo linafaa pale unapotaka kusema jambo ambalo ni kweli kwa wote. Na hapo ndo kipimo. Mtu akiandika "sefalopodi wote wana wino" amekosea, nautilasi hana, na kuna pweza wa kina kirefu nao hawana, gizani huko wino wa nini. Akiandika "sefalopodi wana miguu minane" amemsahau ngisi, dome na nautilasi kwa mpigo. Akiandika "sefalopodi wana mioyo mitatu" hapo anatakiwa aseme koleoidi, kwa sababu nautilasi ana mmoja. Lakini akiandika "sefalopodi wote wanaishi kwenye maji ya chumvi" hapo sawa kabisa, hakuna hata mmoja anaeishi mtoni wala ziwani, konokono wameingia mito na nchi kavu mpaka wakapanda mikahawa huko Lushoto, chaza wana jamaa zao kwenye maziwa, lakini sefalopodi hata mmoja hakutoka baharini. Mto Pangani unamwaga maji yake baharini kila siku, pweza hapandi. Wote pia dume ni dume na jike ni jike, hakuna wa jinsia mbili kama walivo konokono wengi.

Hiyo mioyo mitatu watu wananiulizaga kama ni kweli au ni maneno ya wauza supu. Ni kweli. Miwili inasukuma damu kwenye matamvua, kila upande mmoja, na wa tatu unaisambaza mwilini. Damu yao sio nyekundu, ina kitu kinaitwa himosianini kinachobeba oksijeni kwa kutumia shaba, badala ya chuma kama himoglobini yetu, ikipata hewa inakuwa bluu. Pweza akikatwa huoni damu ya kukutisha kwa sababu hiyo. Na seli za neva wanazo nyingi, pweza wa kawaida anakadiriwa nusu bilioni hivi, na karibu theluthi mbili yake ziko kwenye minyiri, sio kwenye ubongo. Ndo maana mnyiri uliokatwa unaendelea kujinyonganyonga na kushika, una amri zake. Kubadilika rangi nako ni mifuko midogo ya rangi kwenye ngozi inaitwa kromatofori, inavutwa na misuli, sekunde haifiki kashabadilika, na cha ajabu macho yao wengi wao hayabagui rangi. Anajipaka rangi asizoziona. Hapo mi huwa nanyamaza.

Kuhusu ile habari nyingine ya supu, sina la kusema zaidi ya kwamba ni tamu ikiwa na ndimu. Protini ipo, madini yapo. Mengine kila mtu na nyumba yake.

Hotelini kuna jina lingine linawachanganya watu, kalamari. Kalamari ni ngisi tu, kakatwa duara kakaangwa, bei imepanda kwa sababu ya jina. Jina limetoka Kiitaliano na mzizi wake ni chombo cha kuwekea kalamu na wino, na ukienda nyuma zaidi unafika kwenye tete, Kigiriki hichohicho, ambalo kwa njia ya Kiarabu ndo limetupa sisi kalamu. Kwa hiyo kalamari na kalamu ni ndugu wa tumbo moja, na ukimpasua ngisi kweli utakuta wino, na lile gamba jembamba refu la mgongoni. Kachero gani angepanga vizuri zaidi.

Jambo ambalo kwangu linafanya hili neno lisiwe la darasani tu ni maisha yao mafupi. Karibu koleoidi wote wanaishi haraka wanakufa mapema. Huyu pweza wetu anaishi mwaka mmoja na kitu, jike anataga mara moja, anayalinda mayai shimoni, haendi kula, anayapepea maji safi mpaka yaanguliwe halafu anakufa. Nautilasi kinyume chake, anaishi miaka mingi, zaidi ya kumi kabla hata hajawa mtu mzima. Ukishaelewa hilo unaelewa kwa nini wazee wanakasirika wakimwona mtu anachokoa vipweza vidogo. Bamvua likija, maji yakipwa mwamba ukakauka, kina mama wanatembea kwa miguu na michokoo yao wakitafuta mashimo, vijana wao wanazamia na miwani kwenye kina, na kila mtu anataka chake kabla maji hayajarudi. Kanuni za uvuvi zinakataza pweza wa chini ya nusu kilo, lakini shimoni huoni mizani. Kinachosaidia ni kwamba pweza anakua kwa kasi sana, mwezi mmoja tu uzito unaruka, ndo maana maeneo mengi ya ukanda huu, Kilwa, Mafia, Unguja na Pemba, wamekuwa wakifunga sehemu ya mwamba miezi kadhaa halafu wanaifungua siku moja, na pweza wanaotoka unaona tofauti kwa macho. Huwezi kufanya hivo kwa silikanti, yule ukimngoja miezi mitatu hajaongeza kitu. Huwezi hata kwa nautilasi. Utaratibu wa kufunga unaendana na jinsi mnyama mwenyewe anavoishi, na mwamba uliopigwa baruti miaka ile wala hauhitaji kufungwa, mashimo hakuna pweza atakaa wapi.

Ukubwa nao uwekwe sawa, maana mtu akisikia ukoo anadhani wanalingana. Kuna ngisi wadogo ambao mzima hafiki sentimita mbili, na kuna Architeuthis dux wa baharini kina kirefu, jike anafika mita 12 hivi ukipima na minyiri yake miwili mirefu, na hakuna aliempiga picha akiwa hai huko kwake mpaka Wajapani walipofanikiwa mwaka 2004. Kuna mwingine wa baharini kusini kabisa karibu na barafu, mzito zaidi, mmoja alinaswa 2007 akapimwa karibu kilo 500. Jumla ya spishi zilizo hai leo ni mia nane na kitu. Zilizokufa zamani ni nyingi mara dufu na dufu, waliojulikana zaidi ni amonaiti, wenye magamba ya kujisokota, walipotea pamoja na dainosaria miaka milioni 66 iliyopita. Na hao wako kwetu, pale Tendaguru mkoani Lindi, Wajerumani walipokuwa wanachimba mifupa ya dainosaria kuanzia 1909 mpaka 1913, kwenye matabaka yaliyokuwa chini ya bahari kulikuwa na amonaiti. Mawe ya chokaa ya Amboni nayo ni ya zama hizohizo za Jurasiki, yalitengenezeka chini ya bahari, kwa hiyo ukienda mapangoni pale usiangalie popo tu, angalia na kuta.

Mwisho nautilasi, kwa sababu kuna wanaoniambia wamemuona huku. Hai haiwezekani, yeye ni wa mashariki ya Bahari ya Hindi na magharibi ya Pasifiki, tena kina kirefu. Gamba lake tupu lakini linaelea kwa sababu ya vile vyumba vya hewa, linaweza kusukumwa na mkondo miezi na miezi likafika pwani za mbali sana na alikofia mwenyewe. Ni zuri, nje lina michirizi ya rangi ya tofali, ndani linang'aa, ukilipasua katikati unaona vyumba vimepangana kutoka kidogo kwenda kikubwa, na yeye mwenyewe alikuwa anakaa kile cha mwisho tu. Kwa uzuri huohuo wamevuliwa mno, na mwaka 2016 nchi zilikubaliana kuiweka familia yote ya nautilasi kwenye orodha ya pili ya CITES, ule mkataba wa kimataifa wa biashara ya viumbe walio hatarini, maana yake biashara yake ya kuvuka mipaka inataka kibali. Kwa hiyo ukiliona mezani kwa muuza makombe na akakwambia limetoka nje, uliza karatasi kwanza ndo utoe hela.